Ile "Mimi" ya Watu Wengine

Vijana wangu, mwaka 2015, watu walipoanza tena kuvuka kutoka Burundi, mlinifuata nyumbani Kasulu mkiwa na vitambulisho vipya shingoni. Mlitaka niwafundishe ukalimani kwa siku mbili. Niliwajibu vibaya. Nilisema kwa siku mbili mtu hajui hata kusonga ugali, atajuaje kubeba maneno ya mtu aliyekimbia kwake? Mkaondoka mmenuna, na mlikuwa na haki ya kununa, maana mimi mwenyewe nilifundishwa kwa muda mfupi kuliko huo. Basi nayaandika haya kuwaomba radhi. Yatakuja yanavyokuja, msinidai mpangilio.

Mimi ni Konsolata, Muha wa hapahapa. Kiha nilinyonya, Kirundi ni jirani yake wa ukuta mmoja, Kifaransa cha kubabaisha nilipewa na masista, Kiswahili nikakipata shuleni kwa viboko. Kwa zaidi ya miaka ishirini nilikaa kwenye kiti cha katikati, huku mtu mwenye karatasi, huku mtu mwenye habari.

Kosa langu la kwanza lilikuwa la neno moja. Mnajua kwamba "ejo" ya Warundi ni jana, na pia ni kesho, inategemea linalofuata. Pale Mtendeli, enzi za ile kambi ya zamani, karani alimwuliza mzee mmoja mke wake yuko wapi. Mzee akajibu neno hilo moja tu, "Ejo." Nami kwa haraka ya kujionyesha nikasema, "Amefika jana." Karani na walinzi walizunguka kambi tangu asubuhi hadi saa nane mchana wakimtafuta mwanamke ambaye alikuwa bado hajavuka mto. Mzee aliwafuata nyuma anatabasamu, akidhani ndivyo wake za watu wanavyoandaliwa mapokezi. Mama wa watu alipofika kesho yake, alikuta kambi nzima inamjua kwa jina.

Tulicheka sana. Mtu mmoja tu hakucheka, Mzee Filipo, mkalimani mkongwe aliyekuwa katekista zamani. Ndiye aliyenifundisha kazi. Aliniita pembeni akasema, "Mtu akikupa neno moja, usilikimbize. Lisubiri lipate mwenzake."

Alinifundisha pia kukaa nyuma kidogo, ili wanaozungumza watazamane wao kwa wao. Alinifundisha kunywa maji ya uvuguvugu, na mtu akitukana kulitoa tusi lilivyo, bila kulivika nguo. Lakini la kwanza kwake lilikuwa hili: "Usiseme 'anasema alikimbia'. Sema 'nilikimbia'. Ukisema 'anasema', unamwacha peke yake, halafu mnabaki wawili mnamtazama. Sema 'mimi'."

"Na nikishasema 'mimi' mchana kutwa, Mzee?"

"Ukimaliza, nawa mikono. Kisha taja jina lako na jina la mama yako kwa sauti, kabla hujagusa chakula."

Niliona ni mambo ya wazee. Wiki chache baadaye nilitoka kazini, nikapita mlango wa mbele bila kuingia, nikazunguka nyuma ya nyumba, nikaanza kuinama chini ya migomba. Mume wangu akanikuta huko.

"Unatafuta nini?"

"Mbuzi. Wako wawili, wa tatu simwoni."

"Mbuzi wa nani, Konsolata?"

Hatukuwahi kufuga mbuzi. Wale watatu walikuwa wa mama mmoja niliyemsemea asubuhi ile; aliwaacha wamefungwa nyumbani kwake upande wa pili wa mpaka. Nilikuwa nawajua rangi. Nilikuwa najua yupi ana pembe iliyovunjika, na hilo sikumbuki kama mama yule alilisema. Tangu siku hiyo nilinawa.

Sasa nije kwenye lile mlilokuwa mnataka kuniuliza mkaona haya, kwa sababu najua watu wanalisema.

Nilipostaafu, mwaka 2013, alinijia Mwalimu Hamza, mtu wa Muheza aliyepangiwa kufundisha sanaa za maonyesho katika chuo kimoja cha huku. Alikuwa mpole, kofia haimtoki kichwani. Akaniambia kwamba alipokuwa masomoni alionyeshwa mkanda wa vikongwe wa Kiyahudi, watu waliookoka Hitler alipokuwa akiwaua Wayahudi wa Ulaya kwa mamilioni. Vikongwe wale walikaa miezi na vijana wa shule wakiwasimulia. Kisha vijana wakayaigiza maisha yale jukwaani, na vikongwe wenyewe wameketi mstari wa mbele.

"Kuna bibi mmoja alikuwa anamtazama msichana wa miaka kumi na sita akiwa yeye," alisema. "Uso wake haujanitoka. Nikajiuliza, Kasulu hapa na Kibondo tuna wazee waliokimbia Burundi mwaka sabini na mbili. Wanaondoka mmoja mmoja. Nani amewauliza?"

"Hakuna aliyewauliza, Mwalimu, kwa sababu tunajua."

"Mnajua ninyi. Wajukuu wenu je?"

Nikachukua mkoba wangu.

Ndivyo tulivyofika Kagerankanda kwa Mama Skolastika. Alikuwa mwanamke wa makamo, raia wa Tanzania sasa, mkulima wa maharage na mihogo, mwenye wajukuu na msimamo. Mwaka ule wa sabini na mbili alikuwa na miaka kumi na mitatu. Wazazi waliuawa. Yeye alikimbia na mdogo wake wa miaka minne mgongoni, ambaye alimwita Kanyana, yaani kandama, ndama mdogo.

Alisimulia vizuri, kwa Kirundi safi, mikono imetulia mapajani. Lakini kila mara alifika mahali palepale. "Nikaingia kwenye mafunjo kando ya mto. Askari walikuwa juu yetu, njiani. Kanyana alikuwa anataka kulia." Hapo hunyamaza. Akirudi, husema, "Nikavuka. Nilikuwa peke yangu." Mara ya kwanza hivyo, mara ya pili hivyo.

Mara ya tatu ilikuwa mchana wa jua kali. Maharage yalikuwa yameanikwa uani, na kulikuwa kimya kiasi kwamba tulisikia maganda yakipasuka, tak, tak, tak. Mama Skolastika akafika kwenye mafunjo, akanyamaza. Nami nikasikia sauti yangu ikisema kwa Kiswahili, polepole:

"Nikaweka mkono juu ya mdomo wake, mpaka akaacha kuhangaika."

Mwalimu Hamza akaendelea kuandika. Mimi nilikuwa sijashtuka bado, nilidhani nimetafsiri. Kilichonishtua ni macho ya Mama Skolastika. Kiswahili cha sokoni alikuwa nacho, kilimtosha kuelewa.

"Nani amekuambia?" aliuliza.

Tulirudisha nyuma kinasa sauti cha Mwalimu. Sauti yake inasema, "Alikuwa anataka kulia." Halafu maganda ya maharage. Halafu mimi. Katikati hapana Kirundi, hapana hata pumzi.

Nimetafuta sababu miaka yote hii. Habari za mafunjo nilikwisha kuzisemea nyingi, labda moja ilichomoka. Labda Mama aligusa midomo yake nikaona bila kujua. Hamza alikuwa ameketi mbele yake, na alisema mikono haikutoka mapajani. Sijui, wanangu. Nawaambia mlijue kosa lenyewe: mkalimani haongezi. Nililivunja sharti kubwa kuliko yote.

Nilimpigia magoti. Nikamwambia, "Mama, nisamehe. Tutalifuta sasa hivi."

Kisha akasema, "Usifute. Ni kweli. Nilikuwa sina mdomo wa kulisemea."

Ndipo akamalizia. Mtoto alilegea, kichwa kikaning'inia. Aliinamisha mabua ya mafunjo yawe kama kitanda juu ya maji, akamlaza, akamfunika, akavuka peke yake. "Nilimwua mdogo wangu," alisema. "Hilo ndilo nililokuwa nalo moyoni." Akakubali liigizwe, ila kwa sharti moja: yeye hataenda kulitazama.

Mwalimu Hamza alichagua wanachuo wanane. Jesca, binti wa Kibondo aliyekijua Kiha, alikuwa Skolastika. Alisema maneno kwa Kirundi, nami nilisimama pembeni na kipaza sauti nikiyasema kwa Kiswahili, "mimi, mimi," kama siku zote. Kanyana alikuwa furushi la kitenge tu, limefungwa kamba. Siku za kwanza za mazoezi walirushiana lile furushi kama mpira. Baada ya kuigiza lile tendo mara mbili, hakuna aliyelirusha tena. Walilaza furushi kwenye kiti, na wageni walipokuja viti vikapungua, watu walisimama. Kile kiti hakikukaliwa. Hakuna aliyetoa amri hiyo.

Mwaka 2014 tukaenda Kibondo, siku ya gulio, mchana, kwenye ukumbi wa kanisa. Ulijaa. Watu walicheka palipochekesha, maana Mama Skolastika alikuwa na vituko vyake vya utotoni. Kisha tukaingia mafunjoni. Jesca akapiga magoti na furushi lake. Mimi nikasema, "Nikaweka mkono juu ya mdomo wake."

Mwanamke mmoja akainuka benchi la tatu. Alikuwa amefunga kilemba cha bluu na ana kikapu. Aliweka kikapu chini, akapanda jukwaani. Hakumwendea Jesca. Alikuja kwangu. Akaushika mkono wangu usio na kipaza sauti, akauweka mdomoni mwake, akaubana kwa mikono yake miwili, akafumba macho, akawa anapumua katikati ya vidole vyangu.

Watu walidhani ni sehemu ya igizo. Wengine wakapiga makofi.

"Ni jewe," akasema. Ni mimi. Maneno yale niliyahisi kiganjani kabla sijayasikia.

Aliitwa Agnesi, mkulima wa Gwarama, huko Kakonko. Alikuja gulioni, akasikia tangazo la igizo, akaingia kupumzisha miguu. Alilelewa na wazazi Waha. Baba yule alikuwa mtega samaki. Alimkuta kwenye mafunjo, amelala juu ya mabua yaliyoinamishwa, maji yanamgusa masikio.

"Mama, mimi siye," nilimwambia nyuma ya ukumbi. "Mimi ni mkalimani. Niliyasema maneno ya mwenyewe."

Alinitazama kama mtu aliyefungiwa mlango. "Lakini umesema 'mimi'."

Mwalimu Hamza alinivuta kando. "Konsolata, tuwe waangalifu. Mabua ameyaona jukwaani, na hata jina Kanyana amelisikia jukwaani. Anaweza kuwa anasema kweli, na bado asiwe yeye."

Alisema haki. Tena kuna sharti, nanyi mlishike: humwambii shahidi mmoja mwingine anakaa wapi mpaka mwenyewe aridhie. Nikamwomba Agnesi arudi Gwarama asubiri, nami nikaenda Kagerankanda peke yangu.

Mama Skolastika alikuwa anapepeta. Nilimwambia yote. Ungo haukusimama, makapi yaliendelea kuruka.

"Huyo aliyekuja ni nani?" aliuliza.

"Anasema ni Kanyana, Mama."

"Kanyana alikufa mkononi mwangu. Nilimsikia akiisha. Miaka arobaini namwombea kila Jumapili apumzike." Hapo ndipo ungo uliposimama. "Sasa nani anatembea huko Kibondo na jina lake?"

Ilikuwa mchana kweupe, kuku wakila makapi miguuni petu. Nilimwuliza kama nimwambie asije.

"Aje. Lakini aje mchana, jua likiwa juu, nione kama ana kivuli. Na nitasema na wewe. Na yeye sitasema."

Wiki iliyofuata Agnesi alifika. Tulimwacha Mwalimu barabarani na pikipiki. Mama Skolastika aliketi ndani, mlangoni, gizani kidogo. Agnesi aliketi uani kwenye mkeka, miguu ameikunja. Mimi nikawekewa kigoda kwenye kizingiti. Jambo la kwanza alilotazama Mama si uso, ni ardhi. Jua lilikuwa utosini. Kivuli cha Agnesi kilikuwa kidogo, kimejikusanya chini yake kama sahani. Lakini kilikuwepo.

"Mwulize ametoka wapi," Mama aliniambia kwa Kirundi.

Wanangu, Kirundi na Kiha mnavijua. Agnesi alilisikia swali kama nilivyolisikia mimi. Lakini alinisubiri. Basi nikageuka nikamwambia maneno yaleyale, nimeyabadilisha mahadhi tu. Akajibu kwa Kiha: "Gwarama." Nikageuka nikasema, "Gwarama." Hivyo, kwenda na kurudi. Jirani mmoja akapita akatusikia, akauliza kwa kucheka, "Mnacheza nini hapo?" Hakuna aliyemjibu, akaenda zake haraka. Sijawahi kufanya kazi nyepesi vile ya ulimi, wala nzito vile ya shingo.

"Mwulize nilimfunika na nini."

Hilo halikuwamo kwenye igizo. Alikuwa hajamwambia mtu.

"Sikumbuki," Agnesi alisema.

"Sikumbuki," nikasema.

"Mwulize mama yetu aliitwa nani."

"Sikumbuki."

Niliona mikono ya Mama ikianza kukusanya kanga yake, kama mtu anayetaka kuinuka aingie ndani. Agnesi alikuwa akitazama vidole vyake vya miguu. Nilijua Mama akiingia, mlango hautafunguliwa tena.

"Basi mwulize anakumbuka nini," alisema Mama.

Niliuliza. Agnesi alinyamaza muda mrefu, nami sikumkimbiza.

"Nakumbuka niliambiwa ninyamaze," alisema. "Nikanyamaza. Yule mzee wa mitego alinikuta macho wazi, nimenyamaza. Gwarama waliniita Bubu. Nilianza kusema nikiwa nachota maji mwenyewe, msichana mkubwa. Kabla ya hapo nilikuwa nangoja kuambiwa kwamba sasa naweza."

Niligeuka kumpelekea Mama maneno hayo. Alikuwa tayari amesogea hadi kwenye mwanga.

"Hukulia?" aliuliza. Hakuniuliza mimi.

"Sikulia."

"Hata nilipoondoka?"

"Sikulia, dada. Ulisema ninyamaze."

Mimi nilikuwa nimefungua mdomo. Nikaufunga. Nikachukua kigoda changu nikakisogeza hadi ukutani, kwa sababu nilikuwa nimeziba njia.

Mama Skolastika alitoka nje juani. Alimwekea Agnesi kiganja kwenye paji la uso, kama unavyompima mtoto homa, akakiacha pale.

"Una joto," alisema. "Una joto, wewe."

Agnesi alikaa Kagerankanda siku tisa, akarudi Gwarama kuvuna, akaja tena. Mwalimu Hamza alimwuliza Mama kama tubadilishe igizo, mtoto asife. Alikataa. "Yule wa kwenye igizo mwacheni alivyo. Miaka yote ile alikuwa amekufa kweli. Mkimfufua, nani atajua nilivyoishi?"

Ningependa kuishia hapo, lakini nitakuwa nimewadanganya. Mwezi uliofuata tuliigiza Kasulu mjini. Baada ya igizo nilikuwa nakunja nyaya, mwanamke mwingine akasimama mbele yangu. Alikuwa mwembamba, mkubwa kuliko Agnesi kwa kumtazama. Alisema, "Ni jewe."

Naye alikutwa kwenye mafunjo. Usiku ule sikulala, na kesho yake nilifikiria kunyamaza. Nani angejua? Lakini nilikwisha kuongeza neno lisilo langu, sikutaka tena kupunguza. Nikaenda Kagerankanda.

Niliwakuta dada wawili wanamenya mihogo. Nikawaambia. Nikasema, "Sasa kama huyu ndiye..." nikashindwa kumaliza, kwa sababu Agnesi alikuwa ameketi palepale, kisu mkononi.

Ni Agnesi aliyeuliza. "Yeye alilia?"

"Anasema alilia siku nzima, hakuna aliyekuja."

Mama Skolastika alimtazama Agnesi, Agnesi akamtazama yeye. Mto ule ulikuwa mrefu, na mafunjo yake hayakuwa na mtoto mmoja. Hilo walilijua kabla yangu.

"Mlete," alisema Mama.

Nilimleta Jumapili baada ya ibada. Alisimama uani, hakusalimu, hakujua mikono aiweke wapi. Kisha akanigeukia mimi, akanisubiri nimsemee.

"Sema mwenyewe, mama," nilimwambia. "Wanasikia."

Agnesi akajisogeza kwenye mkeka, akaacha nafasi.